Istilahi za Kutohoa Shairi Huru kuwa Filamu ya Uhuishaji

Utangulizi

Makala haya yana shabaha ya kueleza istilahi zinazohitajiwa na mtu anayetaka kulichukua shairi la mkondo mpya, lisilofuata vina wala mizani, na kulifanya filamu fupi ya michoro inayotembea. Kazi ya namna hiyo hukutanisha fani mbili. Ushairi wa Kiswahili una msamiati mkongwe na mpana: mshororo, ubeti, kina, mizani, kituo, mshata na kadhalika. Filamu ya michoro ina msamiati mchanga, ambao sehemu yake kubwa bado haijatulia. Fani hizi zinapokutana, maneno hugongana; na upo mgongano mmoja, ule wa neno uhuishaji, unaoweza kuiharibu kazi yenyewe kabla mchoraji hajashika kalamu. Huo ndio tutakaoushughulikia zaidi.

Ili maelezo yawe na mahali pa kushika, tutatumia mfano mmoja tangu mwanzo hadi mwisho, nao ni wa mto Lumemo.

1. Mfano wetu

Mto Lumemo hutelemka kutoka milima ya Udzungwa, hupita kando ya mji wa Ifakara, mkoani Morogoro, kisha huingia katika mto Kilombero. Kilombero nao huungana na Luwegu, na hapo ndipo mto Rufiji unapoanzia. Jina la Lumemo ni la mto na ni la kata pia. Bonde lote la Kilombero ni tambarare; wakati wa masika maji huenea katika mbuga, na mpunga hustawi. Mwaka 2002 uwanda huo wa mafuriko uliingizwa katika orodha ya maeneo ya ardhi oevu yanayolindwa kwa mkataba wa Ramsar. Maji hayohayo yaletayo neema ya mpunga huingia pia majumbani, na wakazi wa Ifakara wameyaona mafuriko ya Lumemo zaidi ya mara moja.

Tuseme, basi, kwamba vijana wa Lumemo wanataka kutengeneza filamu ya dakika mbili kutokana na shairi. Shairi lifuatalo halikutolewa katika diwani yoyote. Limetungwa kwa ajili ya maelezo haya tu:

Usiku mto ulikuja
kuuliza njia.
Hatukuwa na taa.
Ukaingia jikoni, ukaketi
juu ya kigoda cha bibi.
Asubuhi ulipoondoka, uliondoka na
kigoda.
Tangu siku ile bibi
anapika wima.

Msomaji ataona kwamba neno mafuriko halimo. Hamna pia neno hasara, wala huzuni. Shairi linamfanya mto kuwa mgeni aliyepotea njia, aliyekaribishwa gizani, akaondoka na kiti cha mwenyeji. Kama mto ulipotea wenyewe au ulipotezewa njia yake na watu waliojenga ilipopita, shairi halisemi. Kutosema huko ni sehemu ya maana yake, na filamu inapaswa kukuheshimu.

2. Jina la shairi lenyewe

Tatizo la kwanza ni jina la aina hii ya utungo. Euphrase Kezilahabi alipotoa diwani yake Kichomi mwaka 1974, mjadala mkali ulizuka kuhusu kama tungo zisizo na vina na mizani zinastahili kuitwa mashairi. Wafuasi wa kanuni walikuwa na kitabu cha Amri Abedi cha mwaka 1954 kilichozieleza sheria za utungaji. Wafuasi wa mkondo mpya walisema kwamba ushairi hukaa katika fikra na taswira, na kwamba sheria hizo si za lazima. Kezilahabi aliendelea na mkondo huo katika Karibu Ndani mwaka 1988 na Dhifa mwaka 2008.

Mjadala huo ulituachia majina kadhaa. Wapo wasemao shairi guni. Lakini guni katika msamiati wa malenga ni utungo wenye kasoro ya vina au mizani, yaani utungo uliokusudia kufuata sheria ukashindwa. Kuliita shairi letu guni ni kulihukumu kwa sheria ambayo halikudai kuifuata. Wapo pia wasemao masivina. Neno hili lina ufupi mzuri, ila linataja lisilokuwamo na kunyamaza kuhusu lililomo. Shairi huru ndilo jina lililoenea shuleni, nalo latosha kwa matumizi yetu, mradi ikumbukwe kwamba uhuru huo ni wa kutofungwa na vina na mizani, si uhuru wa kutokuwa na mpango. Katika mfano wetu kila mshororo umekatwa kwa makusudi, kama tutakavyoona.

Mkondo wenyewe nao una majina mawili yanayoshindana: usasa na umamboleo. Neno usasa lina udhaifu wa kutaja wakati tu. Shairi la vina na mizani lililotungwa jana ni la kisasa kwa tarehe yake. Umamboleo ni neno mahususi zaidi, ingawa lina kichekesho chake cha kihistoria: gazeti la Mambo Leo, lililoanzishwa Tanganyika mwaka 1923, lilikuwa uwanja mashuhuri wa mashairi ya vina na mizani.

3. Tafsiri, uhawilishaji au utohozi?

Tatizo la pili ni jina la kitendo. Shairi linapofanywa filamu, tuseme limefanywa nini?

Wengi husema limetafsiriwa. Tafsiri, hata hivyo, ni kazi ya kutoka lugha moja hadi lugha nyingine. Mwalimu Julius Nyerere alipozichukua tamthilia za William Shakespeare na kuzitoa kwa Kiswahili, zilitoka maneno zikawa maneno. Shairi linapokuwa filamu, maneno huwa picha, mwendo na sauti, na mengine hunyamaza kabisa. Anayeiita kazi hiyo tafsiri atajiona anawajibika kumtafutia kila neno picha yake: pameandikwa mto, achore mto, pameandikwa taa, achore taa. Lakini shairi letu linasema taa haikuwapo. Ataichoraje taa isiyokuwapo?

Wengine husema uhawilishaji. Neno hili limezoeleka katika habari za fedha na teknolojia. Linadokeza kwamba kitu kimehamishwa kutoka mahali fulani hadi pengine na kimebaki kama kilivyokuwa, kama fedha zinavyotoka akaunti moja kwenda nyingine. Shairi halihami hivyo.

Tunalo neno la tatu, nalo ni utohozi. Wanaisimu hulitumia kwa kitendo cha lugha kupokea neno la kigeni na kulitia katika maumbo yake. Tazama neno kilabu. Lilipotoka katika Kiingereza lilikuwa na konsonanti mbili zilizofuatana mwanzoni na halikuwa na irabu mwishoni. Kiswahili kililipa irabu katikati na irabu mwishoni. Hakikuishia hapo: kiliisikia silabi ya kwanza kuwa ki- ya ngeli ya ki-vi, kikalipa wingi wake, vilabu. Ndivyo lilivyofanywa pia neno la Kiarabu kitabu, likazaa vitabu. Utohozi umekamilika pale neno linapozaa kwa kanuni za wenyeji wake wapya.

Hata jina la kitabu laweza kuonyesha hatua hizo. Tafsiri ya Mwalimu Nyerere ilipotoka mwaka 1963 iliitwa Julius Caezar. Ilipotolewa upya mwaka 1969 iliitwa Juliasi Kaizari. Jina lilikuwa limekwisha kupewa irabu zake.

Kwa hiyo tunapendekeza neno utohozi litumike pia kwa kazi ya kulifanya shairi kuwa filamu, kwa sababu linaeleza wajibu wa mtendaji barabara. Filamu ina irabu zake, yaani vitu ambavyo bila hivyo haitamkiki: muda, mwendo, mwanga na sauti. Shairi lililotoholewa vizuri limepewa vitu hivyo, na linazaa taswira mpya kwa kanuni za filamu.

Mifano ya nje inaunga mkono maoni haya. Mwaka 1932 Ivan Ivanov-Vano na Leonid Amalrik walitengeneza, katika Muungano wa Kisovieti, filamu fupi ya michoro kutokana na shairi la Vladimir Mayakovsky kuhusu mfagiaji mweusi wa Havana. Hiyo ilikaa karibu na kisa cha shairi. Mwaka 1979 Yuri Norstein alitoa filamu ya karibu nusu saa iliyochukua jina lake kutoka katika shairi la Nâzım Hikmet, mshairi wa Uturuki aliyevunja kanuni za kale za ushairi wa lugha yake. Filamu hiyo haisimulii shairi lile mshororo kwa mshororo. Imechukua jina na namna ya kuona, ikazaa picha zake yenyewe. Zote mbili ni utohozi. Tofauti yao ni ya kiwango, kama ilivyo tofauti ya neno lililopewa irabu tu na neno lililokwisha kupewa wingi.

4. Katuni, kibonzo na uhuishaji

Sasa tufikie tatizo kubwa. Filamu ya michoro inayotembea tuiite nini?

Neno lililo midomoni mwa watu ni katuni. Watoto husema wanatazama katuni, na watu wazima husema hivyohivyo. Hapana ubaya katika neno hilo, isipokuwa kwamba lina mambo mawili ndani yake. Kwanza, linataja mchoro wa gazetini uliosimama pamoja na mchoro wa filamu unaokwenda. Pili, limeambatana na watoto na kicheko. Hali hii ina sababu. Kazi za michoro zilizojulikana sana Afrika ya Mashariki zimekuwa za watoto: Tinga Tinga Tales, iliyotengenezwa Nairobi na kuonyeshwa kuanzia mwaka 2010 kwa mtindo wa uchoraji ulioasisiwa na Edward Saidi Tingatinga, na Ubongo Kids, iliyoanza Tanzania mwaka 2014 kwa kufundisha hisabati na sayansi. Kazi hizo zinastahili sifa. Lakini shairi la bibi aliyepoteza kigoda, likiitwa katuni, litasubiriwa lichekeshe.

Kibonzo na kikaragosi yana shida hiyohiyo. Kibonzo ni mchoro wa mzaha au wa kejeli, hasa wa gazetini. Kikaragosi ni sanamu ya kuchezeshwa, na pia mchoro wa kumkuza mtu kwa kumchekesha mtazamaji.

Limebaki neno uhuishaji, ambalo limeanza kukubalika kwa fani hii. Kitenzi huisha maana yake ni kutia uhai, na kwa hakika ndivyo mchoraji anavyofanya: michoro isiyo na uhai huonekana hai kwa kufuatana upesi. Neno ni la Kiswahili, linanyambulika, na halimlazimishi mtu kucheka. Hata hivyo lina majirani wawili. Jirani wa kwanza yuko ofisini: siku hizi husemwa kuhuisha taarifa, kwa maana ya kuzifanya ziende na wakati. Huyu hana madhara, kwa kuwa hakuna atakayeichanganya filamu na daftari. Jirani wa pili ndiye mwenye hatari, naye yumo katika fasihi yenyewe.

Mbinu ya kukipa kitu kisicho mtu tabia za mtu huitwa tashihisi. Lakini shuleni, hasa nchini Kenya, mbinu hiyo huitwa pia uhuishi au uhaishaji. Mzizi ni uleule na wazo ni lilelile la kutia uhai. Shairi letu limejengwa lote juu ya mbinu hiyo: mto unakuja, unauliza, unaketi, unaondoka. Ikiwa mwongozaji atamwambia mchoraji, “Kazi yako ni uhuishaji wa mto,” amemwambia nini? Amwonyeshe mto ukienda, au amfanye mto kuwa mtu?

Mchoraji aliyekwisha kuzoea katuni atachagua la pili. Atauchorea mto macho mawili, pua na mdomo. Ataupa mikono ya maji. Atauketisha kigodani ukitabasamu. Mtazamaji atacheka, na pale pale shairi litakuwa limekufa. Nguvu ya tashihisi katika maneno ni kwamba msomaji huona mambo mawili kwa pamoja: anaona mgeni, na bado anaona maji. Uso ukichorwa, maji hutoweka na kubaki kijitu tu. Mkazi wa Lumemo aliyeyaona maji ya kahawia, yaliyobeba udongo na mabua ya mpunga, yakipanda ukutani usiku, hatamtambua mto wake katika kijitu hicho. Atahisi kwamba msiba wake umefanywa mchezo.

Yupo mchoraji mwingine atakayeielewa tofauti. Huyu hatauchorea mto uso. Atayachora maji yakija mpaka mlangoni, kisha yasite kizingitini kwa nukta mbili au tatu, kama mgeni anavyosita baada ya kupiga hodi. Halafu yaingie polepole, yazunguke mafiga, yapande miguu ya kigoda, na yatulie usawa wa pale mtu anapokalia. Hakuna jicho wala mdomo, na bado kila mtazamaji atajua kwamba aliyeingia ni mgeni. Uhuishaji umefanya kazi yake, yaani kutia mwendo. Na tashihisi imehifadhiwa ndani ya mwendo huo, bila kutolewa nje na kubandikwa usoni.

Kwa hiyo kuyatenganisha maneno haya mawili si kazi ya kupamba kamusi. Tunashauri kwamba panapozungumzwa habari za shairi na filamu pamoja, tashihisi litumike peke yake kwa mbinu ya lugha, na uhuishaji peke yake kwa sanaa ya michoro inayotembea. Uhuishi na uhaishaji yaachwe katika mazungumzo ya namna hiyo, hata kama yanaendelea kutumika darasani.

5. Kutoka mshororo hadi picha

Baada ya majina makuu, zipo istilahi za kazi yenyewe. Filamu kwa kawaida huonyesha picha 24 kwa sekunde moja, na kila picha huitwa fremu, neno lililokwisha kutoholewa. Filamu ya dakika mbili ina fremu 2,880. Wachoraji wengi huonyesha mchoro mmoja kwa fremu mbili, hivyo watahitaji michoro 1,440. Kwa kuwa shairi letu lina mishororo tisa, kila mshororo utapata, kwa wastani, michoro 160. Hesabu hii inaonyesha kwa nini mpango ni lazima.

Mpango huo hufanywa kwa picha chache zinazopangwa kama zitakavyofuatana, kila moja ikiwa na maelezo chini yake. Wapo waliouita ubao wa hadithi, kwa kufuata lugha ya kigeni neno kwa neno. Shairi letu si hadithi, na karatasi si ubao. Tunapendekeza mfuatano wa michoro. Kisha mhuishaji, yaani msanii wa fani hii, huchora michoro mikuu, ile inayoonyesha mwanzo na mwisho wa kila tendo, na baadaye michoro ya kati, inayounganisha mikuu hiyo ili mwendo usiruke.

Pahala picha moja inapoishia na nyingine kuanza ghafla huitwa mkato. Neno hili tunalo tayari katika uandishi, kwa alama inayotenganisha sehemu za sentensi. Mgongano huu ni wa heri: mkato wa maandishi hutenganisha na kuunganisha kwa pamoja, na mkato wa filamu hufanya vivyo hivyo.

Istilahi ya ushairi itakayomfaa zaidi mhuishaji ni mshata. Mshororo mshata ni ule usiojitosheleza, ambao maana yake hukamilishwa na mshororo unaofuata. Kinyume chake ni mshororo kifu. Katika shairi letu mshata wa wazi ni huu: uliondoka na, halafu, peke yake, kigoda. Msikilizaji anaachwa kwa nukta moja akijiuliza mto uliondoka na nini. Katika bonde ambamo maji yanaweza kuchukua mpunga, kuku, nyumba au mtu, swali hilo si dogo. Likija jibu kwamba ni kigoda, mtu hushusha pumzi; kisha mshororo wa mwisho humwonyesha kwamba hasara ile ndogo haikuwa ndogo.

Mhuishaji atautohoaje mshata? Akikichora kigoda kikielea wakati sauti bado iko kwenye neno na, amelitoa jibu kabla ya swali. Yampasa ayaonyeshe maji yakitoka mlangoni matupu, akate, aonyeshe uwanja wenye matope, na hapo tu, kwa mbali, kigoda kikienda na mkondo. Kwa kuwa filamu haikuwa na neno kwa ufundi huu, tunaona neno mshata liazimwe kama lilivyo: mkato mshata, yaani mkato unaokatiza tendo kabla halijakamilika ili picha ifuatayo ilikamilishe.

Mwisho, ipo haja ya jina la picha inayosimamishwa makusudi bila mwendo. Wengine wangependa kituo. Lakini kituo tayari ni mshororo wa mwisho wa ubeti, mbali na kuwa kituo cha basi na cha afya. Tunapendekeza tuo. Mshororo wa mwisho, bibi akipika wima, wafaa uwe tuo: bibi amesimama mbele ya mafiga, mgongo umeinama, moshi peke yake ndio unaokwenda. Sauti ya msomaji ikiisha kusema wima, isiongezwe muziki wa kumwambia mtazamaji ahuzunike.

6. Mapendekezo

Kwa muhtasari, tunatoa mapendekezo haya yajadiliwe na wataalamu na wasanii:

(1) Utohozi: kitendo cha kulichukua shairi na kulipa umbo la filamu, mtendaji ni mtohozi.
(2) Filamu ya uhuishaji: filamu ya michoro au vitu vinavyoonekana kwenda, msanii wake ni mhuishaji.
(3) Tashihisi: kukipa kitu tabia ya mtu. Lisibadilishwe na uhuishi katika habari za filamu.
(4) Mfuatano wa michoro: mpango wa filamu kwa picha na maelezo.
(5) Mchoro mkuu na mchoro wa kati: kama ilivyoelezwa hapo juu.
(6) Mkato mshata: mkato unaoacha tendo likisubiri picha inayofuata.
(7) Tuo: picha iliyosimamishwa makusudi.

Katuni libaki kwa michoro ya kuchekesha na vipindi vya watoto, ambako watu wamelizoea.

Hitimisho

Kazi ya kusanifu istilahi, ambayo Baraza la Kiswahili la Taifa lilikabidhiwa kwa sheria ya mwaka 1967, huanza kwa kutafuta ndani ya Kiswahili chenyewe kabla ya kwenda mbali. Tumeona kwamba kwa fani hii ngeni Kiswahili kilikuwa na mengi ghalani: utohozi kutoka isimu, mshata na tashihisi kutoka ushairi, tuo na mkato kutoka uandishi. Baada ya Kiswahili, desturi ni kuzitazama lugha nyingine za Kibantu. Hapo pana kazi inayowasubiri wakusanyaji. Bonde la Kilombero lina Wandamba, wavuvi mashuhuri wa mto huo, pamoja na Wapogoro na Wambunga, ambao ni wakulima wa mpunga. Watu wanaoishi na maji hawakosi kuwa na majina ya kuja kwake, kutulia kwake na kurudi kwake. Anayetaka kuuhuisha mto Lumemo kwenye pazia la filamu aanze kwa kuwauliza wao maji hayo huendaje, na huitwaje yanapofika mlangoni.